Mwezi wa 13 Usifutwe: Barua ya Wazi kwa Wachapishaji wa Nairobi

Kwa wakurugenzi wa mashirika ya uchapishaji, wahariri wa Kiswahili na majopo ya tuzo za fasihi,
Nairobi.

KUH: KALENDA ZA KUBUNI KATIKA RIWAYA ZA FANTASIA

Waheshimiwa,

Nina ombi moja, nalo nalitanguliza. Mswada wa fantasia ukiwafikia na kalenda yake, yaani miezi yake, juma lake na namna yake ya kuhesabu miaka, isomeni kalenda hiyo kama mnavyosoma sura nyingine yoyote ya kitabu. Ipigieni hesabu. Mkiona kasoro, mwonyesheni mwandishi ilipo. Ila msiifute mkaandika Januari hadi Desemba juu yake kana kwamba mnasahihisha tahajia.

Mimi ni mwalimu wa Hisabati, na ni mwandishi. Jumamosi hukutana na vijana katika maktaba ya Kaloleni tukasomeana tunayoyaandika. Wengi wao wanaandika fantasia, na wanaiandika kwa Kiswahili. Wanabuni falme, viumbe, dini na vita. Kazi ngumu kuliko zote hizo ni kubuni wakati, na wengi wao wanaifanya vizuri ajabu. Hiyo ndiyo kazi inayofutwa kwanza miswada inapofika ofisini kwenu.

Nitaeleza yaliyoupata mswada wangu mwenyewe, maana bila mfano mtadhani nalilia mapambo.

Riwaya yangu inahusu ufuo uitwao Lingani. Angani mwa Lingani kuna miezi miwili. Mkubwa anaitwa Mzee, naye huandama kila baada ya siku 30. Mdogo anaitwa Kibibi, naye huandama kila baada ya siku 11. Jua hukamilisha mwaka kwa siku 374. Hizo nambari tatu ndizo nilizoanza nazo, na kila kitu katika riwaya kimetoka humo.

Kibibi anaingia mara 34 kamili katika mwaka, kwa hiyo gulio la Lingani ni siku anapoandama, na juma la huko ni la siku 11: kumi za kazi na moja ya soko. Kwa Mzee mambo hayaendi sawa. Akizunguka mara 12 zimepita siku 360, na mwaka unabakiwa na siku 14 zisizo na mwenyewe. Wavuvi hawazijali siku hizo. Wao wanafuata Mzee tu, kwa kuwa yeye ndiye avutaye maji ya bamvua, na mwaka wao unaishia siku ya 360 hata mvua ikikawia. Wakulima wa wimbi kule bara hawawezi. Wakifanya hivyo, baada ya miaka michache mwezi wa kupanda utaangukia kiangazi. Ndipo ilipoanzishwa Nyumba ya Hesabu, na kazi yake ni kutangaza mwezi wa 13 unapohitajika. Siku 14 kwa miaka 15 ni siku 210, ambazo ni miezi saba ya Mzee bila kupungua wala kuzidi. Kwa hiyo katika kila miaka 15, miaka saba ina miezi 13.

Miezi yote miwili hupevuka siku moja kila baada ya siku 330, na siku hiyo maji hupanda kupita kiasi. Hayo ndiyo maji makuu, ambayo huja mara 17 katika miaka 15, kisha duara linaanza upya. Anayetaka kuhakiki azidishe 374 kwa 15, halafu 330 kwa 17. Atapata siku 5,610 kote kuwili.

Sasa kisa chenyewe. Muhula wa liwali wa Lingani unakwisha pamoja na mwaka. Liwali hataki kuondoka. Anamhonga mtunza hesabu, naye anatangaza mwezi wa 13 katika mwaka usiostahili. Kwa siku 30 zaidi liwali anatawala, ushuru wa vyombo unatozwa tena, madeni yanazaa riba ya mwezi mwingine, na wafungwa waliotarajia kutoka mwaka ukiisha wanaendelea kufungwa. Mmoja wa wafungwa hao ni mvuvi. Binti yake amerithi kamba ya mafundo ya bibi yake, na kwa kuangalia siku yalikoangukia maji makuu anajua huu ni mwaka wa ngapi kati ya ile 15. Anasimama gulioni na kusema mwezi huu umeibwa. Wanamcheka. Basi anawatajia siku ambayo maji yatafika ngazi ya tatu ya gereza, na bahari haimsikilizi liwali.

Mswada ulirudi kutoka shirika moja la hapa mjini ukiwa umepigwa wino mwekundu. Juma la siku 11 lilikuwa limefanywa la siku saba. Gulio lilikuwa limewekwa Jumamosi. Mwezi wa 13 ulikuwa umegeuzwa Januari. Pembeni kulikuwa na maoni mafupi kwamba msomaji wa Kenya atachanganyikiwa.

Soma tena kisa hicho ukiwa na Januari ndani yake. Wizi umetoweka. Hakuna liwali awezaye kuiba mwezi katika kalenda iliyotundikwa ukutani kwa kila fundi cherehani. Binti hajui chochote ambacho wengine hawakijui. Kamba ya bibi yake haina kazi. Kilichobaki ni mtawala mbaya na msichana mwema, na kisa cha namna hiyo tumekisoma mara nyingi mno.

Hoja ya kuchanganyikiwa naiheshimu, kwa sababu mhariri ni wakili wa msomaji. Lakini ni msomaji gani huyo wa Nairobi anayeishi na kalenda moja? Kondakta anakwambia basi linaondoka saa moja huku simu yako ikiandika 7:00, nawe hujawahi kulikosa kwa sababu hiyo. Idd-ul-Fitri inangoja mwezi uonekane, kwa hiyo mji mzima, Waislamu na wasio Waislamu, huulizana usiku kama kesho ni sikukuu au la. Diwali huangukia Oktoba mwaka huu na Novemba mwaka ule, na watu wa Ngara na Parklands hawapotei. Jirani zetu Wahabeshi wana mwaka wa miezi 13, ambayo 12 ni ya siku 30 na mmoja ni wa siku tano au sita, nao hufungua mwaka wao Septemba. Serikali yenyewe hufungua mwaka wake wa fedha tarehe 1 Julai. Shule zina mihula mitatu, na mzazi yeyote mwenye karo ya kulipa atakwambia ndiyo kalenda inayomtawala kuliko nyingine zote. Mtoto aliyelelewa katika mji huu anabeba kalenda nne kichwani kabla hajafika sekondari. Hawezi kushindwa na ya tano.

Tena mwezi wa 13 wa Lingani si kioja. Dunia tunayoishi ina tatizo lilelile. Mwezi wetu huandama kila baada ya siku 29 na nusu hivi, miezi 12 inatoa siku 354, na mwaka wa jua una siku 365 na karibu robo. Siku 11 zinabaki. Kalenda ya Kiislamu imeamua kuziacha, ndiyo maana Ramadhani inazunguka mwaka mzima, mara ije wakati wa masika, mara wakati wa baridi ya Julai. Wayahudi wanaongeza mwezi wa 13 mara saba katika kila miaka 19, kwa sababu miaka 19 ya jua inakaribiana sana na miezi 235 ya mbalamwezi. Saba katika 19 kwetu, saba katika 15 Lingani. Nilipopata ile saba kwa mara ya kwanza, kutokana na nambari nilizozichagua kwa sababu nyingine kabisa, nilishangilia peke yangu mezani, na bado nashangilia kila ninapoieleza.

Wizi wa mwezi nao umewahi kutokea. Kabla ya Julius Caesar, makuhani wa Roma ndio waliokuwa na mamlaka ya kuongeza mwezi wa ziada, na walishutumiwa kwa kurefusha mwaka ili rafiki zao wakae zaidi madarakani, au kuufupisha ili mahasimu waondoke mapema. Fujo ilikithiri hata mwaka 46 kabla ya Kristo ukalazimika kupewa siku 445 ili jua na kalenda vipatane tena. Mwaka 1582 Papa Gregori XIII aliruka siku 10, watu wakalala tarehe 4 Oktoba wakaamka tarehe 15. Uingereza ilikataa mpaka 1752, ikaruka siku 11. Ufaransa mwaka 1793 ilitangaza juma la siku 10, mfanyakazi akapumzika siku moja kati ya kumi badala ya moja kati ya saba, na mpango huo haukufika hata 1806 ukiwa hai. Muungano wa Kisovieti ulianzisha juma la siku tano mwaka 1929, wafanyakazi wakagawanywa kwa makundi yenye siku tofauti za mapumziko, ikawa mume anapumzika siku ambayo mke yuko kiwandani. Mwandishi anayetaka kuandika juu ya dhuluma hahitaji joka. Anahitaji mtawala anayeamua leo ni tarehe ngapi.

Lakini sitaki mdhani chimbuko la kazi hii liko Roma na Paris. Vijana wangu nimewaambia waanzie hapa, na hapa kuna hazina ambayo hatujaigusa.

Pwani yetu ina mwaka wa jua wa siku 365 unaohesabiwa kwa miongo, kumi kumi, tangu Siku ya Mwaka. Manahodha waliutumia kujua lini kaskazi inaanza na lini kusi inafunga bahari. Haukuwa na siku ya kuongeza kila mwaka wa nne, kwa hiyo ulisogea taratibu ukilinganishwa na ule wa Gregori. Makunduchi, Unguja, bado wanausherehekea mwezi Julai kwa Mwaka Kogwa, wanaume wakipigana kwa vigogo vya migomba na kibanda kikichomwa moto. Na pwani hiyohiyo miezi ya mwandamo ilipewa majina ya kuhesabu tangu mwisho wa saumu: Mfungo Mosi, Mfungo Pili, mpaka Mfungo Tisa, ndipo Rajabu, Shaabani na Ramadhani. Tazama kilivyo kizuri kifaa hicho kwa mwandishi. Mwaka mzima unapimwa kwa umbali wake kutoka kwenye jambo moja ambalo watu wanalithamini kuliko mengine. Kijana mmoja aliuchukua utaratibu huo akaubunia taifa linalohesabu miezi tangu siku malkia wao alipozama ziwani. Sijahitaji ukurasa mwingine kujua taifa hilo linaomboleza namna gani.

Kaskazini, Waborana wana siku 27 zenye majina, na hawana juma. Mwezi wao una siku 29 au 30, kwa hiyo majina huisha kabla ya mwezi kuisha, nayo yanaanza upya, na mwezi unaofuata unafunguliwa kwa jina jingine. Wataalamu wao, ayyaantu, huutazama mwezi ulivyokaa karibu na nyota, Kilimia ikiwa mojawapo, ndipo wakajua siku. Uongozi wa gada, yaani mfumo wao wa kutawala kwa marika, hukabidhiwa kila baada ya miaka minane. Nendeni Marsabit au Isiolo mtawapata wenye kuyajua haya. Ng'ambo ya mpaka, katika bonde la Omo nchini Ethiopia, Wamursi wameruhusu kitu ambacho hakuna kalenda ya ukutani inayokiruhusu: watu wawili wanaweza kubishana kwamba huu ni mwezi wa ngapi, wote wakiwa na sababu, na jibu likapatikana baadaye, mambo ya msimu yakishajionyesha. Hebu fikirini riwaya ya upelelezi katika nchi ya namna hiyo, shahidi mmoja akiapa alimwona mtuhumiwa mwezi wa tano na mwingine akiapa ni wa sita, na hakuna anayesema uongo.

Wagĩkũyũ nao waligawa mwaka kwa mvua mbili, mvua ya njahi na mvua ya mwere, na marika ya waliotahiriwa yakapewa majina ya matukio ya wakati wao, hata ukimuuliza mzee rika lake unapata historia. Hilo nalipita haraka kwa kuwa wenyewe mnalijua, na wengi wenu mlilisikia nyumbani.

Sasa linganisheni na kinachoandikwa mara nyingi. Kijana wa mtaa wa Umoja anakaa chini kubuni dunia, na jambo la kwanza analoweka ni theluji. Halafu majani yanageuka rangi na kupukutika, halafu maua yanachanua kwa pamoja. Hajawahi kuiona hata mara moja misimu hiyo minne, ila ameisoma katika kila fantasia iliyomfikia, akadhani ndiyo sharti. Yeye anaishi nyuzi moja na ushei kusini mwa ikweta, mahali ambapo mchana wa Desemba na mchana wa Juni vinazidiana kwa dakika chache tu, na jua hupita utosini mara mbili kwa mwaka, Machi na Septemba. Mwaka wake unageuka kwa mvua: ndefu, baridi ya mawingu, fupi, joto. Huu ni mpangilio unaotosha kujengea dunia kumi, na mvua zinapokosa kufika tunajua sote, tangu Turkana hadi soko la Wakulima, jinsi kila hesabu inavyovurugika. Kijana anayethubutu kuacha theluji akaandika mwaka wenye mvua mbili, moja ya kweli na moja ya hadaa, anastahili mhariri wa kumtia nguvu. Akiambiwa aandike Januari, ataelewa kwamba akili yake haikutakiwa, na mswada unaofuata utakuwa na theluji.

Zipo kalenda mbovu, na sizitetei. Nimeona mswada unaofunguka kwa kurasa saba za majina ya miezi kabla mtu yeyote hajafungua mdomo. Nimeona mwaka wa siku 400 wenye miezi 13 inayolingana, jambo lisilowezekana, kwa kuwa 400 haigawiki kwa 13. Nimeona mwezi mpevu mara mbili katika juma moja, angani pakiwa na mwezi mmoja tu. Hizo zirudisheni bila huruma. Kipimo ninachowapa vijana ni hiki: kama kuifuta kalenda hakubadilishi uamuzi wa mhusika hata mmoja, basi ifuteni. Kama kuifuta kunamwacha mfungwa bila sababu ya kubaki gerezani, iacheni.

Ninachowaomba kinatekelezeka. Mswada wa namna hii usomwe na mtu anayeweza hesabu, hata kama ni mwalimu wa shule ya jirani kwa ujira wa jioni moja. Mimi nitafanya bila malipo, na nawajua walimu wenzangu watakaokubali. Kitabu kikubaliwe, wekeni ukurasa mmoja mwanzoni wenye kalenda hiyo kwa mchoro, kama mnavyoweka ramani. Karatasi moja haitalitikisa shirika. Nanyi waamuzi wa tuzo, katika vigezo vyenu vya ubunifu kitajeni kipengele cha kujenga mazingira ya wakati, ili kijana aliyehangaika na nambari ajue kuna mtu atakayeziangalia.

Neno moja kwa wanaoidhinisha vitabu vya shule, maana najua mashirika yanawaangalia wao kabla ya kuamua lolote. Kalenda ya kubuni ni somo la Hisabati, Sayansi na Kiswahili kwa wakati mmoja. Wape wanafunzi wa Gredi ya 8 miezi miwili ya angani yenye vipindi tofauti, waambie watafute lini itapevuka pamoja, kisha waandike insha juu ya kinachotokea siku hiyo. Watatafuta nambari ndogo kuliko zote inayogawika kwa zote mbili bila kulazimishwa, kwa sababu wanataka kujua nini kitampata mhusika wao. Nimelijaribu darasani, na wale waliokuwa wakilala kipindi cha mwisho waligombania ubao.

Maonyesho ya vitabu ya Nairobi huja Septemba. Kabla ya hapo nawaalika Kaloleni Jumamosi yoyote, mchana, mwasikilize vijana hawa wakisoma. Nitakuja pia na mswada wa Lingani kama ulivyokuwa kabla ya wino mwekundu, pamoja na jedwali la miaka 15, siku zote 5,610, lenye alama kwenye kila siku ya maji makuu. Atakayepata kosa katika jedwali hilo nitamshukuru na kulisahihisha. Asiyepata, namwomba aurudishe mwezi wa 13.

Wenu kwa heshima,

Mwalimu wa Hisabati na mwandishi wa fantasia,
Eastlands, Nairobi.